Mmeachana na mnagombania mtoto? Hatua za kufuata kabla hujafika mahakamani na ukishafika

Kuna uongo umetembea mtaani miaka nenda rudi, eti mtoto akifikisha miaka saba tu baba anakuja kumchukua, kama mzigo uliowekwa stoo ukisubiri tarehe. Kuna kina mama wanahesabu miaka ya mtoto kwa hofu, na kuna kina baba wanakaa kimya kabisa hata sabuni hawatumi, alafu ile saba ikigonga wanatokea na mashangazi wawili na bajaji iko nje inasubiri. Sheria haisemi hivyo. Kifungu cha 125 cha Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya 1971 kinasema ipo dhana kwamba mtoto wa chini ya miaka saba ni vizuri akae na mama yake, na hiyo dhana inaweza kuvunjwa kwa ushahidi, na Sheria ya Mtoto ya 2009 imerudia hivyohivyo. Basi, imeishia hapo. Hakuna mahali pameandikwa akifika saba ahamie kwa baba. Akishavuka saba kinachobadilika ni kwamba mama hatangulizwi tena kwa sababu tu ni mama, hakimu anawapima wote wawili, na katika kuwapima anatakiwa aangalie pia madhara ya kumhamishahamisha mtoto.

Na wewe baba mwenye mtoto wa miaka mitatu usikate tamaa mapema. Dhana inavunjika. Kama mtoto anaachwa peke yake usiku, anapigwa, hapelekwi kliniki, na una ushahidi wa kueleweka (sio maneno ya dada yako), hakimu anaweza kukupa.

Ninayoandika hapa ni kwa Tanzania bara. Zanzibar wana Sheria ya Mtoto yao ya 2011 na Mahakama za Kadhi, njia yao ni nyingine. Kenya nao wana sheria ya watoto ya 2022 ambayo inawapa wazazi wote wajibu sawa wawe wameoana au hawajaoana. Usichukue ushauri wa mtu wa Mombasa ukaenda nao Temeke.

Kitu kimoja kishike tangu mwanzo maana hatua zote zinakirudia: hiyo kesi sio ya kwenu nyie wawili. Hakimu hatafuti nani alimkosea mwenzie, anatafuta mtoto alale wapi, ale nini, asome wapi na nani atamshika mkono akiumwa. Mtu akiingia na begi la skrinshoti za mchepuko na hajui mwalimu wa mwanae anaitwa nani, huyo anaanza vibaya.

HATUA YA 1: Mtoto abaki alipo

Kosa kubwa linalofanyika wiki ya kwanza ya kuachana ni kumbeba mtoto. Baba anamfuata shule saa sita mchana, anampeleka kwa bibi mkoani. Au mama anaondoka na mtoto usiku, anazima simu, anabadilisha laini. Najua hasira ipo na wakati mwingine hofu ipo, ila Sheria ya Mtoto inakataza kumwondoa mtoto kinyume cha sheria kwa mtu anayemlea kihalali, na hata kabla ya kufika huko, ukimbeba kwa nguvu umeshampa mwenzio hoja ya kwanza: huyu mtu hajali shule ya mtoto wala utulivu wake.

Tofauti ni pale penye hatari. Kama kuna kipigo, vitisho, au mtoto anafanyiwa ukatili, ondoka naye na siku hiyohiyo nenda Dawati la Jinsia na Watoto la polisi ukaandikishe, uchukue PF3 (fomu ya polisi ya kwenda nayo hospitali) kama kuna majeraha, au piga 116 ambayo ni namba ya bure ya huduma kwa watoto. Hapo haujatorosha mtoto, umemwokoa, lakini lazima kuwe na rekodi inayoonyesha hivyo. Ukiondoka kimya kimya ukaja kusema baada ya miezi mitano kwamba ulikuwa unapigwa, utaaminika kwa shida, na sio kwamba ni haki, ndio hali ilivyo.

HATUA YA 2: Kusanya makaratasi ya maisha ya mtoto

Cheti cha kuzaliwa kwanza. Kama mtoto hana, nenda RITA (wakala wa serikali wa usajili wa vizazi na vifo) au ofisi ya mkuu wa wilaya ukashughulikie sasa, usisubiri kesi. Alafu kadi ya kliniki, ripoti za shule, risiti za ada, kadi ya bima kama ipo, risiti za dawa. Taarifa za miamala ya simu zinazoonyesha nani alituma nini na lini, hizi unaweza kuomba kwa kampuni ya simu na zina uzito sana kuliko maneno "mimi ndio nilikuwa nalea".

Nunua daftari la kawaida tu la counter. Andika tarehe, kilichotokea, nani alikuwepo. "Jumamosi alitakiwa kuja kumchukua saa tatu, hakuja, hakupiga." Hivyo hivyo bila matusi na bila maoni. Daftari lililoandikwa siku kwa siku linakusaidia kukumbuka ukiwa kizimbani, maana watu wakiulizwa "ilikuwa lini" wanaanza kubabaika.

Meseji na voisi noti usizifute, za kwako na za kwake, na uanze leo kuandika meseji kama vile hakimu atazisoma, kwa sababu kuna siku anaweza kuzisoma kweli. Ule mtindo wa kumtukana mzazi mwenzio kwenye statusi acha. Kuna watu wameharibu kesi nzuri kabisa kwa statusi ya saa tano usiku.

HATUA YA 3: Anzia ustawi

Afisa ustawi wa jamii yupo kila halmashauri, na sehemu nyingi yupo hadi ngazi ya kata. Huduma yake ni bure. Unaenda unaeleza, anamwita mwenzio kwa barua, mnakaa mezani. Migogoro mingi inaishia hapo na ni vizuri iishie hapo, maana mkielewana wenyewe mnapanga vitu ambavyo hakimu hawezi kuvifikiria, kwa mfano nani ampeleke mtoto madrasa jioni au nani abaki naye mama akiwa zamu ya usiku hospitali.

Mkielewana andikeni. Nani anakaa na mtoto, mwingine anamwona lini, hela kiasi gani, inatumwa tarehe ngapi, ada nani, matibabu nani. Sainini nyote mbele ya afisa na kila mtu abaki na nakala. Makubaliano kama hayo sio msahafu. Mahakama inaweza kuyabadilisha hata kama mliandika kwamba hayabadiliki, ikiona inafaa na ni kwa ustawi wa mtoto. Kwahiyo usiogope kusaini kitu cha busara leo eti utafungwa nacho milele, ila usisaini kitu usichokielewa, na usisaini eti kwa sababu wazee wa ukoo wamekaa wanakuangalia.

Kwa aliyekuwa anapigwa, una haki ya kusema hutaki kukaa meza moja na huyo mtu. Mwambie afisa mapema kabla hajaandika wito.

HATUA YA 4: Jua unaingilia mlango gani

Hapa ndio watu wengi wanazungushwa, mara nenda kule mara rudi huku.

Kama mlifunga ndoa, iwe kanisani, msikitini, bomani au kimila, na sasa unataka talaka pamoja na suala la mtoto, lazima mpitie kwanza Baraza la Usuluhishi wa Ndoa. Baraza linaweza kuwa la kata au la dini, kwa mfano BAKWATA au la kanisa. Likishindwa kuwapatanisha linatoa hati kwamba limeshindwa, na hiyo hati ndio tiketi ya kufungulia talaka, iwe Mahakama ya Mwanzo, ya Wilaya, ya Hakimu Mkazi au Mahakama Kuu, zote zinaruhusiwa kusikiliza mashauri ya ndoa. Bila hiyo hati kesi yako inaweza kufika mbali kabisa alafu ikafutwa kwenye rufaa, umerudi sifuri. Ila sheria ina misamaha: mwenzio kakutelekeza na hujui aliko, yuko nje ya nchi na hatarajiwi kurudi ndani ya miezi sita, kaitwa barazani akagoma kwa makusudi, au kafungwa miaka mitano na zaidi. Na ndugu zangu waislamu, talaka ya karatasi aliyokuandikia mume peke yake haimalizi mambo ya mtoto na mali kisheria huku bara, bado mtahitaji mahakama.

Kama hamkufunga ndoa, au mko kwenye ndoa ila unachotaka ni suala la mtoto tu, mlango wako ni Mahakama ya Watoto chini ya Sheria ya Mtoto. Usitafute jengo lenye bango kubwa, sehemu nyingi ni majengo yaleyale ya mahakama za kawaida yaliyoteuliwa kwa kazi hiyo na anayekaa ni hakimu mkazi. Dar watu wanaijua ile ya Kisutu. Ukifika mahakama ya wilaya yako uliza karani tu "mashauri ya watoto yanafunguliwa wapi".

Kama mmeishi pamoja miaka miwili na zaidi na majirani wanawajua kama mke na mume, sheria inaweza kuwachukulia kama wanandoa mpaka ithibitishwe vingine, na mahakama ina uwezo wa kutoa amri kuhusu watoto wenu.

Baba anakataa mtoto? Unaweza kuomba mahakama ithibitishe uzazi, ombi hilo linaruhusiwa hata kabla mtoto hajazaliwa na linaweza kuletwa mpaka kabla hajafikisha 18. DNA inafanywa kwa Mkemia Mkuu wa Serikali ila haupandi daladala ukaenda mwenyewe na mtoto, ombi lazima lipitie mamlaka inayotambulika kama mahakama au ustawi wa jamii.

Na sio wazazi tu wanaoweza kuomba. Ndugu anayemlea mtoto anaweza. Chukua hali ambayo imekuwa ya kawaida sana kwetu: mama kaenda Oman kufanya kazi za ndani, mtoto kaachwa kwa bibi Tanga tangu ana mwaka mmoja, sasa ana miaka sita, baba kaoa kwingine na anamtaka. Bibi anaweza kuomba amri ya kuendelea kukaa na mjukuu wake, na hoja yake kubwa sio kwamba mama katuma hela, hoja ni kwamba mtoto anaijua nyumba hii, shule hii na mtu huyu. Bibi asikae tu akisubiri mama arudi likizo.

HATUA YA 5: Andika maombi ukiwa unajua unachotaka

Fungua mahakama ya sehemu ambayo mtoto anaishi, itarahisisha kila kitu kuanzia mashahidi mpaka afisa atakayekuja kukagua nyumba. Kama huna wakili usikimbilie kwa wale wanaoandika maombi nje ya geti la mahakama kwa elfu kumi. Ipo Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017, na yapo mashirika ya msaada wa kisheria kama TAWLA, WLAC, Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu, na wasaidizi wa kisheria kwenye kata. Wasaidizi wa kisheria hawasimami mahakamani kwa niaba yako ila wanakuelekeza na kukusaidia kuandika vizuri.

Kwenye maombi tenganisha vitu: kukaa na mtoto, kumwona mtoto, na matunzo. Watu wanachanganya vyote kwenye sentensi moja, alafu wanashangaa hakimu kajibu kimoja. Kama kuna jambo la haraka, kwa mfano muda wa kulipa ada ya muhula unaisha au kuna hatari mtoto atasafirishwa, omba amri ya muda wakati kesi ya msingi inaendelea. Mahakama inaweza kuzuia mtoto asitolewe nje ya Tanzania, na anayevunja zuio hilo anakuwa amedharau mahakama. Kama una wasiwasi wa kweli mwenzio anapanga kuondoka nae, sema kwenye maombi, na ueleze kwa nini: tiketi uliyoiona, kazi aliyopata, pasipoti ya mtoto iliyotoweka kabatini. "Nahisi tu" haitoshi.

Na omba kitu kinachowezekana. Mtu anaomba akae na mtoto siku zote na mwenzie asimwone kabisa, sababu? "Alinidanganya." Hakimu ameshawaona wengi wa hivyo. Mzazi anayeonyesha yuko tayari mtoto amjue mzazi wa pili anasikilizwa tofauti kabisa.

HATUA YA 6: Ripoti ya ustawi, hii ichukulie kwa uzito

Mahakama inaweza kumwagiza afisa ustawi wa jamii aandae taarifa ya uchunguzi wa kijamii kabla ya kuamua. Kwa maoni yangu hii ndio sehemu yenye nguvu kuliko mashahidi wako wote watano, kwa sababu afisa hana upande na anakuja kuona kwa macho.

Atataka kujua mtoto analala wapi na nani, nyumba ina watu wangapi, anaenda shule na nani, wewe ukiwa kazini anabaki na nani, afya yake, mahudhurio yake darasani. Anaweza kuongea na mwalimu, jirani, mjumbe, na mtoto mwenyewe. Huhitaji kukodi makochi. Watu wanahangaika kupaka rangi na kuazima tivi, afisa hatafuti ukumbi wa harusi. Chumba kimoja safi Mbagala ambamo mtoto ana kitanda chake au godoro lake, neti, sare zimefuliwa na kuna mtu mzima anayeeleweka wa kubaki naye kinaweza kumshinda mtu mwenye nyumba ya ghorofa ambamo mtoto analelewa na dada wa kazi anayebadilishwa kila mwezi. Kipato kinaangaliwa ndio, ila umaskini peke yake sio kosa, maana mwenye hela anaweza kuamriwa alete hela bila kupewa mtoto.

Mwambie ukweli hata kama haupendezi. Kama una mpenzi mpya anayelala hapo, sema. Akija kuligundua kwa mtoto wa miaka mitano (na watoto husema), umeshaonekana mwongo na kila ulichosema kabla kinatiliwa shaka. Kuwa na mtu mpya peke yake hakukunyimi mtoto, swali ni huyo mtu anamfanyia nini mtoto.

HATUA YA 7: Siku ya kusikilizwa

Fika mapema, vaa kawaida ya heshima, zima simu. Shauri la mtoto halisikilizwi hadharani, wanaoingia ni wahusika, kwahiyo lile kundi la mashangazi libaki nje au bora zaidi libaki nyumbani. Mazingira yanatakiwa yawe tulivu, hakuna kukaripiana.

Hakimu atakuwa na vitu kichwani ambavyo sheria imemtajia: umri na jinsia ya mtoto, maoni ya mtoto kama yametolewa kwa hiari, umuhimu wa ndugu kukaa pamoja, umuhimu wa malezi kuendelea bila kukatwakatwa, na haki ya mtoto kupata matunzo na elimu ya kiwango kilekile alichokuwa nacho kabla hamjaachana. Mila na matakwa ya wazazi yamo kwenye Sheria ya Ndoa, lakini yako chini ya ustawi wa mtoto. Hoja ya "nilitoa mahari ng'ombe kumi na mbili, watoto ni wa ukoo wangu" unaweza kuisema na hakimu ataisikia, ila haiwezi kuvuka mbele ya mtoto anayeteseka. Kuhusu ndugu kukaa pamoja, hiyo ni vizuri sio lazima, hakimu anatakiwa amtazame kila mtoto peke yake na anaweza kuwagawa akiona sababu.

Sasa mtoto kuulizwa. Hakuna umri maalum uliopangwa, inategemea uelewa wake, na mara nyingi hakimu anaongea naye kwa utaratibu bila nyie kuwepo. Nakuomba usimfundishe cha kusema. Sio kwa ajili ya maadili tu, ni kwamba haifanyi kazi: mtoto wa miaka nane akisema "baba hatimizi majukumu yake ya kimatunzo" kila mtu anajua hayo maneno ni ya nani. Na baya zaidi anabaki na mzigo wa kwamba yeye ndiye aliyemchagua mmoja akamtupa mwingine. Mwambie tu: kuna mtu mzima ataongea na wewe, sema unachojisikia, hakuna atakayekasirika. Alafu na wewe kweli usikasirike.

Ukiulizwa swali jibu swali. "Mwanao anasoma darasa la ngapi, wa ngapi darasani, anaumwa nini mara kwa mara, rafiki yake nani?" Haya ndio maswali yanayomtoa jasho mtu aliyekuja na hasira tu.

HATUA YA 8: Ratiba ya kumwona mtoto iwe na saa

Amri inayosema "mzazi mwingine atamwona mtoto kwa wakati unaofaa" ni ugomvi uliovaa suti. Wakati unaofaa kwa nani? Ukiwa na nafasi ya kupendekeza ratiba, pendekeza kitu chenye siku, saa na mahali, kwa mfano:

Wikiendi ya kwanza na ya tatu ya kila mwezi, kuanzia Jumamosi saa 3 asubuhi mpaka Jumapili saa 11 jioni. Kuchukuliana iwe sehemu isiyo na ugomvi, getini kwa bibi au ofisi ya serikali ya mtaa kama hamuwezi kuonana. Likizo ya mwezi wa sita nusu kwa nusu, ya mwezi wa kumi na mbili mwaka huu Krismasi kwa mmoja na mwaka mpya kwa mwingine, mwakani mnabadilishana, na Idd hivyohivyo. Simu Jumatano saa 1 jioni, na aliye na mtoto ahakikishe simu ina chaji. Ukichelewa zaidi ya saa moja bila taarifa, zamu hiyo imepita. Akiumwa, mzazi mwingine ajulishwe siku hiyohiyo.

Mtoto mchanga anayenyonya hapelekwi kulala kwingine siku mbili, ila baba anaweza kuja kumwona masaa mawili matatu, na anavyokua muda unaongezwa. Kama kuna historia ya vurugu au ulevi omba aonwe mbele ya mtu, ndugu mnayemwamini wote au ofisi ya ustawi.

Sheria inampa mtoto haki ya kumtembelea na kukaa na mzazi mwingine kila anapotaka, ilimradi haivurugi masomo yake. Soma tena hapo: haki ni ya mtoto. Kumficha mtoto kumkomoa baba yake ni kumnyima mtoto kitu chake.

HATUA YA 9: Matunzo

Zamani chini ya ile sheria ya watoto wa nje ya ndoa kiwango cha juu kilikuwa shilingi 100 kwa mwezi, mia moja ndugu yangu, na kilibaki kwenye vitabu mpaka Sheria ya Mtoto ya 2009 ilipokuja kuifuta. Siku hizi hakuna kiwango maalum. Hakimu anaangalia kipato na mali za wazazi wote wawili, watoto wengine mnaowalea, na gharama za maisha za sehemu mtoto anapoishi. Kwahiyo peleka hesabu: chakula, pango sehemu ya mtoto, ada, nauli, sare, dawa, kwa mwezi. Ukisema "anipe laki tano" bila mchanganuo utapewa kidogo ukalalamika. Kama anasema hana kazi na unajua ana bodaboda tatu au fremu Kariakoo, leta picha, leta majina ya wanaomjua.

Tuma na pokea kwa simu au benki, usipeane mkononi. Weka maelezo, "matunzo ya Machi". Anayeleta unga na mafuta badala ya hela aandike kwenye daftari na mpokeaji asaini.

Na hivi vitu viwili usivifunge pamoja: hajatoa hela haimaanishi asimwone mtoto, na kunyimwa kumwona mtoto haimaanishi uache kutoa hela. Kila kimoja kina njia yake ya kulalamika.

HATUA YA 10: Amri ikishatoka

Siku ya hukumu omba nakala, na muulize karani mwisho wa kukata rufaa ni tarehe ngapi, aikuandikie. Siku za rufaa ni chache na zinaanza kuhesabiwa wakati wewe bado unalia.

Mwenzio akivunja amri usiende kuvunja mlango. Andika tarehe, nenda na nakala ya amri kwa afisa ustawi kwanza, ikishindikana rudi mahakama ileile uombe utekelezaji. Asiyelipa matunzo anaweza kukatwa kwenye mshahara au kushikiwa mali.

Amri ya mtoto pia haijachongwa kwenye jiwe. Mzazi aliyepewa akihamishwa kikazi, akiugua, akianza ulevi, au ikigundulika amri ilitolewa kwa taarifa za uongo, unarudi kuomba ibadilishwe. Hali ikitulia upande wako vilevile, umepata kazi na nyumba, unaweza kurudi, ila nenda na kitu kipya kweli. Kwenda kila baada ya miezi mitatu na hoja zilezile kunamchosha hakimu na mtoto anaendelea kutolewa darasani kuja kuulizwa.

Mkipatana wenyewe kubadilisha kitu kidogo, mfano wikiendi ya pili badala ya ya kwanza, andikianeni kwenye meseji tu inatosha. Kikiwa kikubwa, mtoto kuhamia mkoa mwingine au kubadili nani anakaa naye, kipelekeni mahakamani kikaandikwe, hata kama siku hiyo mnacheka pamoja.